Wimbo Usio na Kikohozi

Mashine ya kusaga mawe ya kiwanda cha saruji ilinyamaza mara moja tu kwa siku, saa nane mchana, zamu zilipokuwa zikipokezana. Dakika ishirini na tano, basi. Watu wa mtaa ule walizitumia kwa mambo yanayotaka utulivu: kulaza watoto, kuombana msamaha, kupiga simu kwa wakwe. Mwangwi alizitumia kurekodi sauti ya kaka yake, ambaye kifua chake kilikuwa kimebakiza pumzi za kuhesabu.

Mwangwi si jina alilopewa na mama yake. Alipewa na mtaa, kwa jinsi alivyopenda kulirudisha neno la mwisho la kila mstari mara nne, mara tano, mpaka lipotelee mbali. Alikuwa fundi wa redio na simu. Chumba chake cha mbele kilikuwa na meza ya kazi upande huu, na upande ule kona aliyoizungushia trei za mayai na magodoro mawili ya zamani ili sauti isitoroke. Hiyo ndiyo ilikuwa studio. Kila wimbo wa rege uliotoka mtaa ule kwa miaka kumi na tano ulitoka kwenye kona ile, na kama ilivyo desturi ya watu wa rege, kila wimbo aliutengeneza mara mbili: mara ya kwanza na sauti, mara ya pili akiikata sauti na kubakiza vipande vyake tu, besi na ngoma ziseme zenyewe. Huo wa pili waliuita dabu. Kukata ndiyo kazi aliyoijua kuliko zote. Mwalimu wake alimwambia zamani, "Anayeogopa kukata akashone nguo," na neno hilo Mwangwi alilishika kama dini.

Kaka yake waliyemwita Mizizi ndiye aliyekuwa mwimbaji. Ujanani alisimama katikati ya uwanja wa mpira, umeme umekatika, maiki imekufa mkononi, akamaliza wimbo mzima kwa koo lake tu na watu wa goli la mbali wakaitikia. Na hakuimba mapenzi. Aliimba mlima unaoliwa kila siku na hauoti tena, kijito kilichogeuka rangi ya majivu, na diwani anayepita mtaani kioo cha gari kikiwa kimepandishwa kwa sababu ya vumbi alilolisainia mwenyewe. Polisi walimkamata mara mbili kwa nyimbo hizo, na mara zote mbili alitoka na wimbo mpya, mpaka mkuu wa kituo akasema mtu huyu aachwe, maana sasa ni sisi tunaomtungia.

Lakini nyimbo hazichemshi sufuria. Kwa miaka tisa Mizizi alipakia mifuko kwenye kiwanda kilekile alichokiimba, na watu walimcheka kwa hilo, naye akacheka nao. Mwaka wa tisa kifua kilikataa. Zahanati ya mtaa ilijengwa na kiwanda na kupakwa rangi ya kiwanda. Daktari aliziangalia nywele za Mizizi, zile kamba ndefu zilizofika kiunoni, kabla hajakiangalia kifua. Kwenye kadi akaandika neno moja: mvutaji. Kweli, Mizizi alivuta miaka miwili akiwa kijana, akaacha kwa sababu ilimharibia sauti. Mke wake alirudi zahanati mara tatu kuomba neno lile lifutwe, na mara ya tatu mlinzi akamzuia getini.

Sasa kiwanda kilitaka kujenga tanuru la pili, hatua mia mbili kutoka nyumba za mwisho za mtaa. Serikali ikatuma jopo la watu watano kusikiliza maoni kabla ya kutoa kibali. Tangazo lilibandikwa ukutani: mkazi anaweza kusema kwa mdomo, kwa maandishi, au kwa sauti iliyorekodiwa ikiwa ni mgonjwa. Wenye vikohozi walikuwa wengi, ila karibu wote walikuwa na mume, mtoto au shemeji anayekula kwa kiwanda, na mtu hatukani mamba kabla hajavuka mto. Wa kusema alibaki Mizizi, naye hakuweza tena kutembea hata mpaka barabarani.

"Sikiliza, mdogo wangu," alisema siku ya kwanza, amekaa kwenye kiti katikati ya magodoro, maiki mbele yake. "Daktari kasema navuta. Kiwanda kitasema navuta. Mimi sina karatasi ya kuwajibu. Nina hiki tu." Akajigonga kifuani. "Nataka wakisikie. Usinisafishe. Nikikohoa, acha. Nikikwama katikati ya mstari, niache nikwame."

"Kaka, wimbo hautakaa."

"Usikae! Nani kakwambia nataka ukae? Wale watu wameshacheza nyimbo zangu zote wakarudi ofisini kusaini. Huu sitaki waucheze."

"Sawa, nimekuelewa."

"Umenielewa au umeniitikia?"

"Nimekuelewa, kaka."

Wimbo wenyewe ulikuwa mfupi. Mizizi aliutunga kitandani:

Wamesaga mlima, wametuletea unga,
unga hauliki, mama, unga hauliki.
Nguo nyeupe kambani zimevaa kijivu,
nani ataifua mbingu, mama?

Mistari minne na kiitikio, kitu ambacho zamani angekimaliza kabla chai haijapoa. Ilichukua michana kumi na tisa. Mashine ikinyamaza, Mwangwi alibonyeza kitufe, Mizizi akaimba maneno matatu, kikohozi kikaja. Si kikohozi cha mtu mwenye mafua. Kilianzia chini kabisa, kikapanda kwa hatua, na kilipofika juu kilimwinamisha mpaka kamba zake zikagusa sakafu. Kisha alijifuta mdomo na kuanza kusema ovyo, maana hakuwahi kujua kunyamaza mbele ya maiki.

"Huu mstari una kona nyingi," alisema. "Na mimi breki zangu unazijua." Au alimwita mkewe dirishani: "Mama watoto! Leta maji, mwimbaji mkubwa anakufa kwa kiu. Hiyo sababu nyingine ya kufa iambie isubiri foleni!" Mkewe alileta maji na beseni, akamwambia afunge mdomo aimbe, naye akamuuliza mtu anaimbaje akiwa amefunga mdomo, wakabishana pale kama watu wenye miaka hamsini ya kubishana mbele yao. Binti yao wa miaka minane alikaa mlangoni na madaftari yake akisubiri baba amalize. Yote hayo yaliingia kwenye kompyuta, kila neno na kila pumzi.

Ukweli usemwe: Mwangwi aliona haya. Alipokaa peke yake na visikilizio masikioni, akisikia lile koo lililowahi kujaza uwanja likihangaika na neno moja kama mtu anayepandisha kitanda ngazini, alitamani kuvivua akimbie. Aliheshimu agizo kwa siku tano. Siku ya sita akafika mahali kikohozi kimoja kiliangukia juu ya ngoma na kuivuruga besi, na sikio la fundi halikuvumilia. Akakikata. Kimoja tu, akajiambia. Hajazaliwa fundi aliyekata kimoja tu.

Baada ya hapo alikata kwa mapenzi. Alichukua "mlima" ya Jumatatu akaiunga na "wametuletea" ya Alhamisi. Alijaza mianya kwa kinanda. Pale pa mwisho, kwenye "mama", Mizizi hakuweza kuvuta sauti zaidi ya sekunde tatu, ila aliwahi kuzivuta siku nne tofauti kwa noti ileile. Mwangwi alizipanga moja nyuma ya nyingine, akapaka mwangwi kidogo kwenye viungo, na ikatoka "mama" moja ndefu, tulivu, iliyopanda na kushuka bila kutetemeka. Sekunde kumi na moja. Aliisikiliza akalia, akijiona amemrudisha kaka yake kutoka alikokuwa akienda.

Mpiga ngoma wao naye alikuja kusikiliza. Huyu mchana alishona midomo ya mifuko ya saruji kiwandani, na kwa hiyo alikuwa ameomba jina lake lisitajwe popote, hata kwa kunong'ona. Wimbo ulipoisha alivivua visikilizio.

"Huyu ndiye Mizizi wetu," alisema. "Wewe Mwangwi si fundi, wewe ni mganga. Kiwanda kinaanguka kesho."

Mgema akisifiwa, tembo hulitia maji. Mwangwi alikuwa na shaka yake ya siku nyingi, na sifa ile ikaizima. Kompyuta yake ya mtumba ilikuwa imejaa, inagoma kuhifadhi wimbo mzima mpaka ipewe nafasi. Alifanya alichofanya kwa kila wimbo kwa miaka kumi na tano. Wimbo ukiiva, makapi hutupwa. Alizichagua rekodi za michana yote kumi na tisa, na maji na beseni na mabishano ya dirishani, akafuta. Kompyuta ikamuuliza kama ana hakika. Alikuwa na hakika.

Mizizi aliomba kuusikia kabla haujaenda.

"Utausikia baadaye," Mwangwi alimjibu asubuhi ile, tayari yuko mlangoni na shati la kanisani. "Nachelewa."

Mtu anayejua amefanya vizuri haogopi kusikilizwa. Hilo Mizizi alilijua, lakini alikuwa amechoka, na alimwamini mdogo wake.

Ukumbi ulijaa. Jopo lilikaa mbele nyuma ya meza yenye kitambaa, mwenyekiti katikati, mwanamume mwenye miwani na uso usiosema kitu. Wakili wa kiwanda alikaa pembeni, dada mmoja mpole, mwenye sauti ya mtu aliyekuja kumwona mgonjwa hospitali. Zamu ya mkazi mgonjwa ilipofika, Mwangwi alichomeka waya kwenye spika alizozileta mwenyewe, maana spika za serikali alikuwa anazifahamu.

Na ulilia vizuri, jamani. Besi iliingia ikapita kwenye mbao za sakafu na kupanda miguuni mwa watu. "Wamesaga mlima," akaimba Mizizi, na nyuma ya ukumbi mtu akapiga mluzi. Kufikia kiitikio, watu walikuwa wamesimama wakiyumba. Mjumbe mmoja wa jopo aligonga kalamu kwa mapigo. Hata mwenyekiti, ukimwangalia kiatu, alikuwa humo. "Mama" ya mwisho ilipopanda na kukaa juu, ikakaa, ikazidi kukaa, ukumbi ulilipuka kwa makofi. Mwangwi akasimama pale na waya mkononi, shati limeloa mgongoni, akidhani ameshinda.

Wakili alisubiri makofi yaishe. Alipiga na yeye.

"Fundi, hongera," alisema. "Nina maswali mawili tu, madogo. Umerekodiwa lini huu?"

"Mwezi huu huu. Umeisha juzi."

"Na anayeimba ni kaka yako mwenyewe? Hajasaidiwa na mtu mwingine?"

"Ni yeye, mwanzo mpaka mwisho. Hamna sauti nyingine humo."

"Pale mwisho, anapomwita mama. Nilikuwa naangalia saa. Wewe unajua ni sekunde ngapi?"

"Kumi na moja," alisema Mwangwi, na hapo, Mungu amsamehe, alitabasamu.

Wakili akaligeukia jopo. "Waheshimiwa, mimi sijawahi kuugua kifua, na sekunde sita sifiki. Mgonjwa wa vumbi ndiye huyo mmemsikia. Sina zaidi."

Ilimchukua Mwangwi muda kuelewa.

"Hapana," alisema. "Hapana, ngoja. Mimi nimeunganisha. Ile si pumzi moja, ni nne, nimezishona. Na kikohozi kilikuwepo, kila mstari, mimi ndiye nimekitoa."

"Kwa hiyo maelezo haya yametengenezwa?"

"Ndiyo. Hapana! Sauti ni yake. Nimetoa kikohozi tu."

"Umetoa kikohozi," alisema wakili polepole, bila ubaya wowote usoni, "kwenye maelezo ya mtu anayelalamikia kikohozi."

Ukumbi ukacheka. Walewale waliokuwa wakiyumba, majirani zake, watu wenye vifua vilevile, walicheka kwa sababu ilichekesha. Wengine walicheka mpaka wakakohoa.

Mwenyekiti hakucheka. "Ile ya awali unayo? Kabla hujakata?"

"Nimefuta."

"Yote?"

"Kompyuta ilikuwa imejaa, mheshimiwa."

Mwenyekiti aliandika kitu. Akasema hawezi kupokea wimbo uliochezewa, wala hawezi kwenda kumwona mgonjwa kwa kuwa ratiba haina siku nyingine, ila maoni yanafungwa saa kumi kamili jioni. Mwenye nyongeza ailete kwa mkono kabla ya hapo. Ilikuwa saa tisa na dakika tano.

Mwangwi aliacha spika zake palepale, akadandia pikipiki ya kukodi. Aliingia chumbani kwa kaka yake saa tisa na nusu, simu tayari mkononi, inarekodi. Mizizi alikuwa ameegemea mito, uso umetulia. Mkewe alikuwa ndio kwanza amemfukiza kwa maji ya moto, na kifua kilikuwa kimelegea kama hakijawahi kulegea mwezi mzima.

"Kohoa, kaka."

"Nini?"

"Kohoa. Tafadhali. Mbele ya simu. Kohoa kama siku zote."

Mizizi alimtazama, akamtazama mkewe, akarudi kwake. "Wimbo umefanya nini?"

Mwangwi akamweleza. Alieleza vibaya, kwa kurukaruka, akiangalia saa ya ukutani. Mizizi hakumkatiza. Alipomaliza, kaka yake alinyoosha mkono.

"Nisikilizishe."

"Hatuna muda."

"Nisikilizishe, nimesema."

Aliusikiliza wote, kutoka kwenye spika ndogo ya simu, macho yamefumba. Mke wake alisimama na beseni lake la mvuke, akiangalia ukuta. "Mama" ya mwisho ilipokwisha, Mizizi alifumbua macho.

"Huyu anayeimba ni nani?"

"Ni wewe, kaka."

"Mimi nilikuomba unipeleke mimi."

Mwangwi alipiga magoti pembeni ya kitanda. Alisema atakula kiapo, atalipeleka jopo mahakamani, atafanya hivi, atafanya vile, lakini sasa hivi akohoe tu, kimoja, dakika zinakwisha. Mizizi alijaribu. Hilo ndilo Mwangwi hakuweza kulisahau baadaye, kwamba alijaribu. Alivuta pumzi akaisukuma, ikatoka sauti ndogo kavu ya mtu anayejikohoza ili apishwe njia. Akajaribu tena. Ilisikika kama mzaha. Mtu yeyote angesema anaigiza. Mara ya tatu Mizizi akaanza kucheka, ule ucheshi wake mwenyewe ukamshika, akasema, "Miaka minne hakiniachi nilale, leo kimealikwa kinaringa," na mkewe akacheka huku machozi yanamtoka.

Saa kumi kasoro dakika kumi Mwangwi alizima simu. Hata kwa pikipiki asingefika.

Kikohozi kilikuja saa kumi na robo. Kilikuja kibaya kuliko vyote, na Mwangwi hakukumbuka simu wala jopo, alikuwa ameshika beseni kwa mkono mmoja na kwa mwingine ameshikilia mgongo wa kaka yake, ambao ulikuwa mwepesi kama wa mtoto.

Kibali kilitoka baada ya wiki mbili. Kwenye karatasi iliyobandikwa ukutani jopo lilisema halikupata ushahidi wa kuaminika wa madhara kwa afya. Walianza kuchimba msingi wa tanuru la pili mwezi uleule. Mashine ya pili ya kusaga mawe ilisimikwa mapema ili kuandaa akiba ya mawe, na kwa kuwa zamu zake hazikulingana na za ile ya kwanza, zile dakika ishirini na tano za mchana zikafa.

Mizizi naye hakukaa. Alikufa asubuhi moja akiwa anavalishwa shati. Katika wiki hizo za mwisho Mwangwi alikuja kila siku, akamgeuza, akamnyoa ndevu, akamsomea magazeti, lakini simu aliiacha nyumbani. Hakuthubutu kuleta chombo chochote cha kunasa sauti karibu na kitanda kile. Wala Mizizi hakumlaumu hata siku moja. Pengine angemlaumu ingekuwa rahisi zaidi.

Wimbo, wenyewe, ulipona. Mtu aliyekuwa ukumbini alikuwa ameurekodi, ukapita simu kwa simu, na kufikia siku ya mazishi mtaa mzima ulikuwa nao. Vijana waliupiga makaburini kwa spika kubwa, mara sita. "Sikia pumzi hiyo," watu waliambiana wakitikisa vichwa. "Mtu alikuwa na mapafu!" Msimamizi mmoja wa kiwanda aliyekuja kutoa pole aliukubali sana. Aliomba utumwe na kwake.

Siku ya arobaini shemeji yake alikuja kwenye chumba cha mbele. Hakukaa. Alisimama kando ya magodoro, akigusagusa trei za mayai kwa ncha za vidole.

"Shemeji," alisema, "nina ombi. Ule wimbo siutaki. Nausikia kila mahali na kila nikiusikia namtafuta mume wangu simwoni. Nataka zile za katikati. Alivyokuwa akiniita nimletee maji. Ile siku aliyobisha kuhusu kufunga mdomo. Hata akikohoa tu, mimi nimelala na kikohozi kile miaka minne, sasa usingizi hauji kwa ukimya."

Mwangwi aliwasha kompyuta. Alijua hakuna kitu, na bado akawasha, akafungua kila folda mbele yake, moja baada ya nyingine, za harusi za watu, za matangazo ya maduka, mpaka zikaisha.

"Sina, shemeji. Nilifuta."

"Zote?"

"Zote."

Alitikisa kichwa kama mtu aliyeambiwa duka limefungwa. Hakusema neno baya. Alivuta khanga yake begani, akatoka, na Mwangwi akamfuata mpaka mlangoni kwa kuwa hakujua afanye nini kingine.

Nje, binti wa Mizizi alikuwa amesimama kwenye ngazi na wenzake watatu. Kulikuwa na mchezo mpya mtaani, wa kuivuta "mama" ya mwisho pamoja na simu na kuona nani atafika nayo mpaka mwisho. Wenzake walikuwa wameshindwa na kukaa chini. Zamu ilikuwa yake. Alivuta pumzi mpaka mabega yakapanda, akaanza pamoja na baba yake, na alikuwa na sauti, yule mtoto, ya kweli kabisa. Alifika sekunde nne. Kwenye ya tano kikohozi kikamkata, kifupi, cha kutoka chini, akainama nacho. Mama yake alisimama palepale njiani bila kugeuka.

"Acha, mwanangu," Mwangwi alisema. "Ile haiwezekani. Hata baba yako hakuweza."

Mtoto alijifuta mdomo kwa mkono na kumtazama kwa hasira ya kweli, machozi karibu.

"Uongo, baba mdogo. Aliweza. Watu wote wamemsikia."

Akarudisha wimbo nyuma, akavuta pumzi, akaanza tena.